Namna ya Kusikiliza Albamu za Roki ya Indi kwa Sauti Isiyopunguzwa

Bendi nyingi za roki ya kujitegemea, ambayo mashabiki wake wameizoea kwa jina la indi, hurekodi albamu zao kwa fedha kidogo na vifaa vichache, na ndiyo maana wapo wasikilizaji wanaodhani kwamba kuzitafuta albamu hizo katika ubora kamili ni kujisumbua bure. Hoja yao ni kwamba kama rekodi yenyewe ilifanywa kwa mashine ya kaseti yenye njia nne, basi hakuna kikubwa ambacho MP3 itakiharibu. Hoja hiyo ina kasoro. Mvumo wa mkanda, gitaa lililokolezwa mikwaruzo hadi noti zake zikawa vigumu kutambulika, na matoazi yanayopigwa mfululizo nyuma ya mwimbaji ni sauti zisizo na mpangilio rahisi, na programu za kupunguza ukubwa wa faili huhitaji biti nyingi ili kuziwakilisha vizuri. Zikinyimwa biti hizo, matoazi huwa ya kwanza kuharibika, yakaanza kusikika kama maji yanayochemka.

Hata hivyo ni vyema kuelewana mapema: sauti isiyopunguzwa haiboreshi rekodi. Kazi yake ni kumfikishia msikilizaji kile kilichoidhinishwa na bendi, pamoja na dosari zake, bila mtu wa kati kuchagua kipi kibaki na kipi kitupwe. Ili hilo litimie, hatua zote lazima zikae sawa, kuanzia mahali faili ilipotoka, jinsi ilivyohifadhiwa, programu inayoicheza, hadi kile kinachovaliwa masikioni. Hatua moja ikilegea, nyingine zote hazina msaada.

Faili isiyopunguzwa ni nini

Sauti ya CD hupimwa mara 44,100 kwa sekunde, kila kipimo kikiwa na biti 16, kwa njia mbili, ya kushoto na ya kulia. Ukizidisha tarakimu hizo unapata takriban kilobiti 1,411 kwa sekunde, na albamu ya dakika 45 hufikia megabaiti 476 hivi ikihifadhiwa kama WAV, yaani bila kukandamizwa hata kidogo. MP3 ya kiwango cha juu kabisa, kilobiti 320 kwa sekunde, huiweka albamu hiyohiyo katika megabaiti 108. Tofauti hiyo ya ukubwa ni taarifa zilizotupwa, zikichaguliwa kwa makisio kwamba sikio la binadamu halitazikosa. Mara nyingi makisio hayo ni sahihi, lakini kilichotupwa hakirudi tena.

FLAC, aina ya faili inayopunguza ukubwa bila kutupa sauti yoyote, hufanya kazi kwa namna nyingine. Hutabiri kila kipimo cha sauti kwa kuangalia vilivyotangulia, kisha huhifadhi tu tofauti kati ya utabiri na uhalisia, hivyo faili inapochezwa kila biti hurudi mahali pake. Albamu ya mwimbaji mmoja na gitaa lisilo la umeme hutabirika kwa urahisi na hupungua sana ukubwa. Albamu iliyojaa kelele za gitaa haitabiriki, na faili zake hubaki nzito. Kwa hiyo usishangae ukiona albamu mbili zenye urefu sawa, moja ikichukua megabaiti 220 na nyingine 350. Sababu inayoifanya FLAC ya albamu ya kelele iwe kubwa ni ileile inayoipa MP3 taabu.

Programu za kutengeneza FLAC huuliza kiwango cha ukandamizaji, kuanzia 0 hadi 8, na watu wengi hudhani kwamba namba hiyo inahusu ubora. Haihusu. Kiwango cha 8 hutumia muda zaidi kutafuta utabiri mzuri na hivyo hutoa faili ndogo kidogo. Sauti ni ileile kwa biti zote. Kiwango cha 5, ambacho programu hujichagulia yenyewe, kinatosha.

Wanaotumia vifaa vya Apple watakutana na ALAC, aina ya faili isiyopunguzwa kama FLAC, iliyoanzishwa na kampuni hiyo mwaka 2004 na kufunguliwa kwa umma mwaka 2011. Programu ya Music ya Apple haipokei FLAC katika maktaba yake, lakini kubadili FLAC kuwa ALAC, au ALAC kuwa FLAC, hakupotezi kitu, kwa hiyo hakuna sababu ya kubishana kuhusu ipi ni bora. Chagua ile inayokubaliwa na kifaa chako.

Mahali pa kupata albamu

Kwa muziki wa indi, mahali pa kwanza pa kutazama ni Bandcamp, iliyoanza mwaka 2008. Ubora wake kwa jambo letu ni kwamba bendi hulazimika kupakia faili zisizopunguzwa, na mnunuzi ndiye anayechagua aina atakayopakua: FLAC, ALAC, WAV, AIFF au zile zilizopunguzwa. Mnunuzi akisahau kubadili chaguo, hupewa MP3, na huo ndio mtego unaowanasa wengi. Habari njema ni kwamba ununuzi hubaki katika akaunti, hivyo unaweza kurudi na kupakua albamu hiyohiyo kama FLAC bila kulipa tena. Kusikiliza moja kwa moja kwenye ukurasa wa albamu ni jambo jingine, kwani kinachochezwa hapo ni MP3 ya kilobiti 128, inayofaa kuonja muziki tu. Asiyejua hilo anaweza kuilaumu bendi kwa rekodi mbaya ambayo hata hajaisikia.

Qobuz, kampuni ya Ufaransa, huuza pia albamu za kupakua, nyingi zikiwa na ubora wa CD na baadhi zikiwa na biti 24. Lebo ndogo za muziki nazo huwa na maduka yao kwenye tovuti zao. Anayenunua santuri yenye msimbo wa kupakua asome kwanza ni faili ya aina gani inayotolewa, kwa kuwa misimbo mingi ya zamani hutoa MP3 peke yake.

Usichukulie kwamba toleo la kidijitali lililotoka kwa bendi yenyewe ni lazima liwe bora kuliko CD. Mwezi Oktoba 2007 Radiohead waliitoa albamu ya In Rainbows kwenye tovuti yao na kumwachia kila msikilizaji aamue atakacholipa, tukio lililozungumzwa sana duniani. Faili zenyewe zilikuwa MP3 za kilobiti 160. Waliotaka albamu hiyo kamili walilazimika kusubiri diski. Katika maktaba nyingi za watu faili zile za kwanza bado zipo, zikihesabiwa kuwa ndizo albamu yenyewe.

Kuna pia suala la masta, yaani toleo la mwisho la rekodi ambalo nakala zote hutokana nalo. Albamu moja inaweza kuwa na masta kadhaa, na tofauti kati ya masta mbili husikika waziwazi kuliko tofauti kati ya FLAC na MP3 nzuri. Albamu ya Loveless ya My Bloody Valentine, iliyotoka mwaka 1991, ilitolewa upya mwaka 2012 ikiwa na CD mbili: moja ikitokana na masta ya awali ya kidijitali, na nyingine ikitokana na mkanda wa analogi wa nusu inchi. Ni nyimbo zilezile, mchanganyiko uleule, ila usikivu tofauti. Matoleo mapya ya albamu za miaka ya 1990 mara nyingi hupandishwa sauti kiasi kwamba ngoma na gitaa hulingana kimo, pumzi ya wimbo ikapotea, na hakuna faili isiyopunguzwa inayoweza kuirudisha. Kabla ya kununua toleo lililoandikwa kwamba limefanyiwa masta upya, sikiliza wimbo mmoja unaoanza taratibu na kuishia kwa kishindo. Kishindo kikifika bila kuongezeka kwa nguvu yoyote, tafuta CD ya zamani.

Kunakili CD kwa usahihi

CD ya zamani iliyotumika ni chanzo kizuri sana cha albamu za indi, hasa zile ambazo lebo zake zimekufa na hazipo tena kwenye huduma yoyote. Ila kuinakili si sawa na kunakili picha kutoka kwenye kadi ya kumbukumbu. CD ya muziki ilitengenezwa ili ichezwe bila kusimama, na kichezeo kinapokutana na mkwaruzo kinachoshindwa kuusoma, hukisia sauti iliyopaswa kuwepo na kuendelea. Programu ya kawaida ya kunakili inaweza kuyakubali makisio hayo kimyakimya, na wewe ukabaki na FLAC kamili ya sauti yenye hitilafu.

Kwa sababu hiyo tumia programu iliyotengenezwa kwa kazi hii: Exact Audio Copy kwenye Windows, XLD kwenye Mac, au whipper kwenye Linux. Hizi husoma sehemu yenye mashaka mara kwa mara hadi majibu yakubaliane, kisha hulinganisha matokeo na AccurateRip, hifadhidata inayokusanya alama za ukaguzi, yaani tarakimu fupi zinazokokotolewa kutokana na yaliyomo kwenye faili, kutoka kwa watu wengine walionakili diski hiyohiyo. Nakala yako ikilingana na za watu kadhaa usiowajua, waliotumia diski na mashine tofauti na zako, unaweza kuwa na uhakika kwamba haina kosa. Albamu ikiwa adimu kiasi kwamba haimo katika hifadhidata, nakili mara mbili, ikiwezekana kwa mashine mbili tofauti, na ulinganishe alama za ukaguzi mwenyewe.

Mpangilio unaofaa si mgumu. Chagua hali ya usomaji salama. Ruhusu programu itambue tofauti ya nafasi ya kusoma ya mashine yako, ambayo AccurateRip huijua kwa mashine nyingi. Zima chaguo lolote la kusawazisha sauti au kuondoa ukimya mwanzoni na mwishoni mwa nyimbo. Toa faili moja ya FLAC kwa kila wimbo. Na uhifadhi kumbukumbu ya maandishi ambayo programu huitoa baada ya kazi, kwa sababu ndiyo itakayokuambia miaka mitano baadaye iwapo mkatiko unaousikia umo kwenye diski au umetoka kwa bendi. Diski yenye vumbi ifutwe kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda ukingoni, kamwe si kwa kuzungusha.

Kuna jambo moja ambalo wapenzi wa indi ya miaka ya 1990 wanapaswa kulijua. Baadhi ya bendi za wakati huo zilipenda kuficha wimbo mahali ambapo orodha ya CD haiuonyeshi. Njia rahisi ilikuwa kuuweka baada ya dakika kadhaa za ukimya mwishoni mwa wimbo wa mwisho, na huo utanakiliwa wenyewe. Njia ya pili ilikuwa kuuficha kabla ya wimbo wa kwanza, katika nafasi ambayo msikilizaji alifika tu kwa kurudisha nyuma kutoka mwanzo wa diski. Programu nyingi za kunakili huanza pale wimbo wa kwanza unapoanza na kuuacha wimbo huo kabisa. Exact Audio Copy ikiagizwa kutafuta mapengo kati ya nyimbo, itaonyesha iwapo wimbo wa kwanza umetanguliwa na nafasi ndefu isiyo ya kawaida. Pengo la sekunde mbili ni la kawaida, lakini la dakika tatu linastahili kunakiliwa kama wimbo wa sifuri. Si mashine zote za diski zinazoweza kuisoma nafasi hiyo, kwa hiyo usikate tamaa kabla ya kujaribu nyingine.

Kutambua FLAC ya uongo

Mtu yeyote anaweza kuchukua MP3 na kuibadili kuwa FLAC. Faili itakua, jina litabadilika, na sauti itabaki ileile iliyokwisha kupunguzwa. Kila faili ya FLAC hubeba ndani yake alama ya ukaguzi ya sauti yake, na amri ya `flac -t` itakuambia kama faili imeharibika tangu ilipotengenezwa. Lakini haiwezi kukuambia ilitengenezwa kutokana na nini. Kwa hilo watu hutumia Spek, programu ya bure inayochora picha ya masafa ya sauti kadiri wimbo unavyosonga. MP3 ya kilobiti 128 kwa kawaida hukatwa kwenye kilohezi 16, na juu ya mstari huo picha huwa nyeusi tupu. Ya kilobiti 320 hukatwa karibu na kilohezi 20. Sauti ya CD inaweza kupanda hadi kilohezi 22 hivi.

Ushauri huo hurudiwa kila mahali, na kwa muziki wa indi unaweza kukupotosha. Bendi kama Guided by Voices, ambayo albamu yake ya Bee Thousand ya mwaka 1994 ilirekodiwa kwa mashine za kaseti za njia nne, haikuwahi kuwa na sauti nyingi za juu za kuhifadhi. Picha ya rekodi ya aina hiyo itaonyesha giza kuanzia chini sana, na mwenye haraka ataitupa faili halisi akidhani ameuziwa bandia. Tofauti ya kuangalia ni umbo la ukingo. Kaseti hufifia polepole, mvumo wake ukipungua kadiri masafa yanavyopanda, na ukingo huo hubadilika wimbo hadi wimbo. MP3 hukata kwa mstari ulionyooka, uleule kwa albamu nzima. Ukiona ukingo wa rula kwenye kila wimbo, kuanzia ule uliorekodiwa studio hadi ule uliorekodiwa chumbani, hapo una sababu ya kumwandikia muuzaji. Zingatia tu kwamba bendi yenyewe inaweza kuwa ndiyo iliyopakia MP3 iliyogeuzwa, kwa kupoteza masta au kwa kutojua.

Biti 24 na tarakimu kubwa

Maduka huuza matoleo ya biti 24 kwa kilohezi 96 au 192 kwa bei ya juu. Biti 16 huwezesha tofauti ya takriban desibeli 96 kati ya sauti ndogo kabisa na kubwa kabisa, na vipimo 44,100 kwa sekunde vinatosha kubeba masafa yote ambayo binadamu husikia, ambayo kwa kijana mwenye masikio mazima huishia karibu na kilohezi 20 na kwa mtu mzima huishia chini ya hapo. Biti 24 zina manufaa makubwa studioni, ambako sauti hupandishwa, hushushwa na kuchanganywa mara nyingi. Kwa kusikiliza albamu ya roki iliyokwisha kukamilika, ambayo tofauti kati ya sauti yake ndogo na kubwa haifiki hata nusu ya uwezo wa CD, faida ni ndogo mno kulinganisha na faili inayokaribia gigabaiti moja kwa albamu. Nunua toleo la biti 24 pale tu ambapo masta yake ni tofauti na bora. Namba pekee isikushawishi.

Programu ya kuchezea

Albamu nyingi za indi zimepangwa ili wimbo mmoja uingie katika unaofuata bila kukatika, gitaa likiendelea kulia huku ngoma mpya ikianza. FLAC na ALAC huhifadhi urefu kamili wa kila wimbo, hivyo zinaweza kuunganishwa bila pengo, ilhali MP3 huongeza ukimya kidogo mwanzoni na mwishoni kwa jinsi ilivyoundwa. Lakini faili nzuri haisaidii kama programu inasita kati ya nyimbo. Chagua programu inayocheza bila mapengo, kama foobar2000 kwenye kompyuta au Poweramp kwenye simu za Android, na uhakikishe kwamba chaguo la kufifisha wimbo mmoja ndani ya mwingine limezimwa, kwa maana huharibu mipito ambayo bendi iliipanga kwa makusudi.

Suala la pili ni kimo cha sauti. Albamu ya mwaka 1993 na ya mwaka 2006 zikichezwa zikifuatana, ya pili inaweza kukurusha kitini. ReplayGain hutatua tatizo hilo kwa kupima kila albamu na kuandika ndani ya faili kiasi ambacho programu inapaswa kuishusha au kuipandisha wakati wa kucheza, bila kugusa sauti iliyohifadhiwa. Tumia kipimo cha albamu badala ya kipimo cha wimbo mmoja mmoja. Kipimo cha wimbo huupandisha wimbo wa utulivu hadi ulingane na wa kelele, jambo linalovunja mpangilio wa albamu. Cha albamu huulinda.

Kwenye Windows, mfumo wa kompyuta huchanganya sauti zote kabla ya kuzitoa na unaweza kubadili kiwango cha vipimo vya muziki wako. Anayetaka biti zipite bila kuguswa achague katika programu yake WASAPI, njia ya Windows ya kupitisha sauti, katika hali ya umiliki pekee. Kwenye Mac, kiwango huwekwa katika programu ya Audio MIDI Setup. Haya ni marekebisho ya dakika moja, nami nisingemlaumu asiyeyafanya.

Taarifa za nyimbo zisahihishwe mapema kwa kutumia programu ya MusicBrainz Picard, hasa jina la msanii wa albamu, namba ya wimbo na namba ya diski, la sivyo albamu yenye mwimbaji mwalikwa itagawanyika vipande viwili kwenye maktaba.

Waya na Bluetooth

Hapa ndipo juhudi za wengi huishia. Bluetooth ya kawaida hupunguza sauti upya kabla ya kuirusha hewani, iwe kwa njia ya upunguzaji iitwayo SBC, AAC au aptX, na hata ile ya LDAC, inayofikia kilobiti 990 kwa sekunde, haitoshi kubeba sauti ya CD bila kupunguza kitu. Ipo aptX Lossless inayoweza, lakini simu na vipokea sauti vyote viwili lazima viwe nayo, na mawimbi yakidhoofika hushuka yenyewe. Hii haimaanishi kwamba vipokea sauti visivyo na waya vinasikika vibaya. LDAC au AAC nzuri humridhisha karibu kila mtu barabarani. Inamaanisha tu kwamba mtu anayelipia huduma ya sauti isiyopunguzwa kisha akaisikiliza kwa Bluetooth peke yake analipia kitu ambacho hakimfikii.

Kwa waya mambo ni rahisi. Simu yenye tundu la vipokea sauti inatosha. Isiyo nalo inahitaji kigeuzi kidogo cha USB-C au Lightning, ambacho ndani yake mna DAC, sehemu inayobadili tarakimu kuwa mawimbi ya umeme. Kigeuzi cha Apple cha Lightning hupitisha hadi biti 24 kwa kilohezi 48, kiwango kinachozidi CD. DAC kubwa ya mezani hununuliwa kwa sababu nyingine, kama vile vipokea sauti vinavyohitaji nguvu nyingi au tundu la kompyuta lenye mvumo. Fedha ikiwa ya kuchagua, ielekezwe kwenye vipokea sauti au spika, kwani huko ndiko tofauti kubwa zinakopatikana. Sauti isipandishwe bila kiasi: Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe saa 40 kwa wiki kwa desibeli 80, na albamu za kelele ndizo zinazotushawishi kuongeza.

Huduma za kutiririsha muziki

Apple Music ilianza kutoa sauti isiyopunguzwa Juni 2021 bila nyongeza ya bei, na Spotify ikafuata Septemba 2025 kwa wateja wake wa Premium. Tidal, Qobuz, Deezer na Amazon nazo zinayo. Kuwa mteja hakutoshi. Kwenye Apple Music chaguo hilo huwa limezimwa hadi uliwashe katika mipangilio ya ubora wa sauti, na kwenye Spotify huwashwa katika kila kifaa peke yake. Kagua pia mipangilio ya intaneti ya simu, ya Wi-Fi na ya kupakua, kwa kuwa kila moja hujitegemea na huduma nyingi hushusha ubora ukitoka kwenye Wi-Fi. Saa moja ya sauti ya ubora wa CD hutumia mamia ya megabaiti, hivyo ni busara kupakua albamu mapema. Kasoro ya huduma hizi kwa muziki wa indi ni kwamba hazikuulizi unataka masta ipi: toleo jipya lenye kelele linaweza kuchukua nafasi ya la zamani bila taarifa, na albamu ya lebo ndogo inaweza kutoweka usiku mmoja.

Kujipima kwa haki

Anayetaka kujua kama yeye binafsi anasikia tofauti, asitegemee hisia. Sikio hupendelea chochote kilicho na sauti kubwa zaidi hata kwa kiasi kidogo, na kujua kwamba faili fulani ni FLAC kunatosha kuifanya isikike vizuri. Chukua wimbo mmoja wa FLAC, utengeneze MP3 kutoka kwenye faili hiyohiyo ili masta iwe moja, kisha tumia kifaa cha ABX cha foobar2000, ambacho hukuchezea faili bila kukuambia ni ipi na kukutaka ukisie. Jaribu mara 16. Ukipatia mara 12 au zaidi, uwezekano wa kuwa umebahatisha ni chini ya asilimia 4. Chagua sehemu fupi yenye matoazi, au mwanzo wa mpigo mkali wa ngoma baada ya ukimya, ambapo MP3 dhaifu huacha ukungu mdogo kabla ya pigo lenyewe.

Kwa kilobiti 128 wengi hutambua. Kwa 320 wengi hushindwa, wakiwemo wenye vifaa vya gharama, na hakuna aibu katika hilo. Sababu yenye nguvu zaidi ya kuhifadhi FLAC ni kwamba ndiyo nakala mama: kutoka kwayo unaweza kutengeneza faili ndogo zilizopunguzwa, kama AAC au Opus, kwa ajili ya simu leo, na aina nyingine itakayovumbuliwa kesho, kila mara ukianzia kwenye sauti kamili, ilhali anayebadili MP3 kuwa AAC hupunguza kilichokwisha kupunguzwa.

Kwa hiyo weka FLAC zako kwenye diski mbili tofauti, moja ikikaa nje ya nyumba, na faili ndogo za simu uzihesabu kuwa za kutupwa wakati wowote. Mara moja kwa mwaka endesha ukaguzi wa FLAC kwenye maktaba nzima. Programu itataja faili yoyote ambayo alama yake hailingani, nawe utaibadilisha kwa ile ya diski ya pili kabla haijasahaulika ipi ilikuwa nzima.